Tupeane uzoefu: simu mkononi ukiwa porini au chini ya nyota

Mwanzisha mada: Wakuu, visa vya safari tuviweke pembeni. Leteni mbinu: simu inasaidia wapi, inaharibu wapi, na kwa nini.

Kinyota: Naanza na anga. Jicho huchukua kama dakika 20 hadi 30 kuzoea giza, na kioo cheupe kikiwaka kidogo tu unarudi nyuma. Ile rangi ya njano ya usiku haitoshi. Programu nyingi za nyota zina hali nyekundu. Iwashe, kisha shusha mwangaza hadi mwisho, maana hata wekundu ukiwa mkali unaharibu. Kama simu haina, funika kioo kwa nailoni nyekundu. Arifa zote zima. Nyota hafifu usiikodolee macho, tazama pembeni yake kidogo, itajitokeza: katikati ya jicho hapaoni vizuri gizani. Halafu zile picha za Njia Nyeupe (ule mkanda wa nyota unaokatiza anga) zenye zambarau na buluu zisikupe tamaa. Kamera hukusanya mwanga kwa sekunde nyingi. Jicho gizani halitambui rangi, litaona utepe wa ukungu mweupe. Ndivyo ulivyo, hujakosea mahali.

Sikio la Msitu: Kwa wanaotumia programu ya simu kama Merlin kutambua ndege kwa sauti: sikiliza kwanza. Mlio unatoka juu au vichakani? Unapanda au unashuka? Ukishajibu, ndipo urekodi. Upepo uupe mgongo, kidole kisizibe maikrofoni, sogea mbali na maji yanayotiririka. Ndege wanaoiga sauti za wengine huidanganya programu, kwa hiyo jina linalotokea ni pendekezo tu mpaka umwone mwenyewe. Na tafadhali, kumchezea ndege rekodi ya mlio ili aje ni uonevu, hasa msimu wa kutaga. Anadhani mpinzani kavamia, anaweza kuacha mayai.

Mpita Njia: GPS haihitaji mtandao. Pakua ramani mapema, weka hali ya ndegeni; simu inayohangaika kutafuta minara ndiyo inayomaliza chaji. Dira ikiyumba, vua kava lenye sumaku, chora namba 8 hewani kwa simu. Kila njia panda geuka utazame ulikotoka, kwani wakati wa kurudi njia ina sura nyingine.

Mwanzisha mada: Nyongeza: zima kipengele cha kurekodi mahali (location) kwenye kamera kabla ya kupiga picha ya kiota au mmea adimu. iNaturalist, programu ya kurekodi mimea na wanyama unaowaona, huficha mahali halisi pa spishi nyingi zilizo hatarini, lakini picha hiyohiyo ukiituma kwingine kama faili, inaweza kwenda na anwani kamili.