Biskuti za oti bila sukari nyeupe: mbona hazikauki?

karafuu_mbili
Wadau, habari za jioni. Nyumbani tumeachana na sukari nyeupe. Hakuna daktari aliyeniamuru, ni uamuzi wangu tu, na watoto wameukubali shingo upande. Chai tumeshaizoea. Kilichobaki kunisumbua ni biskuti za oti.

Naponda ndizi mbili zilizoiva sana, natia vikombe viwili vya oti, yai moja, mdalasini na zabibu kavu kiasi cha kiganja. Oveni nyuzi 180, dakika 15. Ladha haina ubaya, ila zinatoka nene na laini, hazitanuki hata kidogo, zinabaki na umbo lilelile nililozipa kwa kijiko. Kesho yake zimelowa juu ndani ya kopo. Mimi nataka ile inayovunjika kah! Niongeze unga? Nizidishe moto? Au asali badala ya ndizi? Vipimo nimeshavisoma vingi, tafadhali nielezeni na sababu.

trei_ya_pili
Hujataja siagi wala mafuta yoyote. Bila mafuta hiyo haiwezi kuwa biskuti, dada. Anza hapo.

Bi_Oveni
Mwenzangu kagusa mafuta na yuko sahihi, lakini adui yako mkubwa ni maji. Ndizi mbivu, karibu robo tatu ya uzito wake ni maji. Unaichanganya na oti, ambazo zinayanywa na kuyashikilia, kisha unataka vyote vikauke kwa dakika 15. Havikauki. Wanga unavimba, yai linaganda, umepata keki ndogo bapa. Ukizidisha moto utaunguza ngozi ya juu na ndani patabaki vilevile. Ukiongeza unga ndiyo zitazidi kuwa nzito.

Sasa hiyo sababu uliyoiomba. Utamu ni sehemu tu ya kazi ya sukari. Ndani ya oveni inayeyuka pamoja na siagi, donge linalegea na kutambaa kwenye trei kabla yai na unga havijashika. Ndipo biskuti inapokuwa pana na nyembamba, na kilicho chembamba hukauka upesi. Ikipoa, ile sukari iliyoyeyuka inakuwa ngumu tena. Kwa hiyo kah! yako ilikuwa inatoka kwenye sukari kuliko kwenye oti. Ukiiondoa, kazi ya kutandaza na kukausha inakuwa yako wewe na mikono yako.

Ndizi mimi ningeziacha kwa biskuti laini za asubuhi, tena zinafaa sana huko. Tende hivyohivyo: ukiziloweka kwenye maji ya moto na kuzisaga unapata utamu mzito mzuri, lakini biskuti itatafunika kwa kunata, haitavunjika. Nimeona watu wakiandika kwamba tende zinatoa biskuti kavu. Labda wana oveni za ajabu.

Asali ndiyo ningekushauri. Ni tamu kuliko sukari, kwa hiyo penye kikombe kimoja cha sukari tia robo tatu kikombe, au chini ya hapo. Inawahi kubadilika rangi, basi shusha oveni mpaka 160. Ina asidi kidogo, ndiyo maana nusu kijiko cha chai cha bekingi soda hapa kina kazi: kinaituliza asidi na kuinua donge kidogo.

Mimi nayeyusha siagi gramu 100 na asali gramu 80 kwenye sufuria, moto mdogo, bila kuchemsha. Pembeni nachanganya oti gramu 150, unga wa ngano gramu 80, hiyo bekingi soda, mdalasini kijiko cha chai, na chumvi nusu kijiko cha chai. Chumvi usiiruke, utamu ukipungua, chumvi na mdalasini ndivyo vinavyofanya ulimi usiulalamikie. Yai sitii kabisa, maana yai nalo ni maji, tena linaleta ulaini usioutaka. Oti ziwe zile bapa za kawaida. Zile za kuiva papo hapo zimekatwa ndogo mno, zinageuka uji. Zile ngumu zilizokatwakatwa tu zitakuvunja meno.

Mimina siagi na asali, koroga, acha nusu saa oti zinywe. Halafu sehemu ambayo wengi wanaipuuza: bonyeza kila donge kwa sehemu ya chini ya glasi iliyolowa maji mpaka unene ufike nusu sentimita, kwa sababu halitatambaa vya kutosha lenyewe. Oka dakika 15 hadi 18, mpaka kingo ziwe kahawia na katikati pawe pamebadilika rangi pia. Zima oveni, fungua mlango kidogo, ziache humo dakika kumi. Zikitoka zitakuwa bado laini, usiziguse. Zinakuwa ngumu zikishapoa kabisa kwenye wavu.

Zabibu kavu, ukizitaka, zikate ndogo na uziweke chache. Kila zabibu ni kifuko cha unyevu.

trei_ya_pili
Bi Oveni, hizo za asali si zinalegea kesho yake?

Bi_Oveni
Zinalegea, ndiyo. Asali inavuta unyevu hewani. Kopo lifunge barabara, na zikilegea zirudishe oveni nyuzi 150 kwa dakika tano, kisha zipoe. Anayetaka zidumu kavu zaidi atumie sukari guru iliyokunwa, uzito uleule wa sukari ya kawaida. Hiyo haikusafishwa kiwandani lakini tabia yake motoni inakaribiana sana na ile uliyoiacha.

mezani_kwetu
Naomba nichomeke moja kabla mtu hajampikia mgonjwa wa kisukari: asali na sukari guru bado ni sukari mwilini. Shirika la Afya Duniani, katika mwongozo wake wa mwaka 2015, linaihesabu asali pamoja na sukari za kupunguza, zisizidi asilimia 10 ya nishati ya siku. Na mtoto ambaye hajatimiza mwaka asipewe asali, hata iliyookwa ndani ya biskuti, kwa hatari ya botulizimu, ugonjwa mbaya unaoletwa na sumu ya bakteria. Joto la oveni haliui mbegu za bakteria hao.

karafuu_mbili
Asanteni sana. Wangu wote wamevuka mwaka zamani, mdogo ana miaka sita na anakula kama wawili. Bi Oveni, swali la mwisho: mafuta ya nazi yanaweza kushika nafasi ya siagi?

Bi_Oveni
Yanaweza. Tia gramu 80 tu, maana siagi ina maji ndani yake na mafuta ya nazi hayana. Zitavunjika vizuri hata kuliko za siagi, ila harufu ya nazi itatawala, kwa hiyo mdalasini ongeza.