Mpiga dramu anaweza kutunga muziki wa muvi? Nimeombwa, nipo Mtwara

KoroshoGhafi: Wakuu habari za jioni. Mi napiga dramu, nipo Mtwara hapa Shangani, bendi yetu inapiga maharusi na hoteli msimu wa korosho hela ikiwepo mtaani, sasa kuna jamaa anashuti muvi kule Mikindani kaniambia nimfanyie muziki wote dakika 70, na mi kibodi najua kodi tatu tu, nota ndo sisomi kabisa. Nikubali au ntajiaibisha? Kuna mpiga dramu wa roki alishatoboa huko?

Mzee wa Vinyl: Wapo, tena wakubwa. Stewart Copeland wa The Police, mwaka 1983 bendi iko juu kabisa, dairekta Francis Ford Coppola akampa muziki wa Rumble Fish, muvi yenyewe inahusu muda unaokimbia so ukimchukua mtu wa kuhesabu muda hujakosea, na akateuliwa kwa tuzo ya Golden Globe. Baadae Wall Street 1987, baadae gemu la Spyro la PlayStation lililotuharibia macho. Mwingine Cliff Martinez, kapiga albamu mbili za mwanzo za Red Hot Chili Peppers, leo anajulikana kwa muziki wa muvi za Traffic na Drive, na cha ajabu ukisikiliza Drive dramu karibu huzisikii, masauti yanaelea tu.

Chikongola Finest: Hao wana studio zao, hapa dairekta akikwama anashusha biti YouTube. Andikishaneni kwanza! Mi nilishafanya muvi moja nikalipwa pilau. Sitanii.

Dada Editi: Mdogo wangu nota sio shida, shida ni hesabu, mi nahariri video Masasi huku nawaona. Mfano mlango unapigwa teke sekunde ya 37. Ukienda spidi ya 120 kwa dakika, hapo unakuwa umemaliza mapigo 74 kamili, teke na dramu vinaanguka pamoja. Ukienda 100 unapata 61 na kitu, umeangukia hewani. So spidi ichague baada ya kuangalia sini, sio kabla. Na watu wakiongea nyamaza, wapiga dramu mnapenda kujaza kila sehemu jamani 😂 Hujawahi kumwona mpiga ngoma wa sindimba? Macho yote kwenye kiuno cha mchezaji, mkono unafuata. We mfuate mwigizaji hivyo hivyo. Halafu katafute Birdman ya 2014, Antonio Sánchez (huyo wa jazi lakini) kaibeba na dramu karibu peke yake.

KoroshoGhafi: Asanteni sana, dada umeniokoa. Nimeongea nae leo, hela kasema baada ya mnada wa korosho.

Chikongola Finest: Mnada wa mwaka gani?

KoroshoGhafi: 😂😂 sijauliza. Ila sini ya mlango ipo kweli, sekunde ya 52, nimeanza na 90 inakubali.