Je, Shams al-Maarif al-Kubra ni kitabu cha al-Buni mwenyewe?

Muulizaji: Assalamu alaykum, ndugu zangu. Tangu utotoni nimekuwa nikisikia kwamba Shams al-Maarif al-Kubra, kitabu mashuhuri cha siri za herufi na talasimu (michoro ya kutendea mambo ya siri), hakifai hata kuwekwa nyumbani, na kwamba mtunzi wake, Ahmad al-Buni, alikuwa mchawi. Wengine humtaja kuwa ni sheikh wa Kisufi. Lipi ni sahihi?

Jibu la 1: Waalaykumu salaam. Al-Buni alikuwa Sufi, asili yake Buna, mji unaoitwa leo Annaba nchini Algeria. Nakala za kale za vitabu vyake zina maandishi ya ushuhuda yanayoonyesha kuwa mwaka 1225 alikuwa akisomewa kitabu chake Lataif al-Isharat huko Qarafa, kwenye makaburi ya nje ya Cairo, na mada yake kuu ilikuwa herufi na majina ya Mwenyezi Mungu. Hiyo al-Kubra inayouzwa madukani ni habari nyingine: nakala zake za mkono hazionekani kabla ya karne ya 17 hivi, na ndani yake wametajwa watu walioishi baada ya al-Buni. Kwa maoni yangu, ni mkusanyo wa watu wa baadaye waliolitumia jina lake kwa kuwa lilikuwa na soko.

Jibu la 2: Naafiki, na wala elimu hii ya siri za herufi na majedwali haikuanza na al-Buni. Imamu al-Ghazali, aliyefariki mwaka 1111, alilitaja katika kitabu chake al-Munqidh jedwali la vyumba 9 (4, 9, 2; 3, 5, 7; 8, 1, 6) ambalo kila safu yake ikijumlishwa hutoa 15. Alieleza kuwa huandikwa kwenye vitambaa viwili visivyowahi kuguswa na maji, na mwanamke mwenye uchungu mgumu wa uzazi huvitazama, kisha huviweka chini ya nyayo zake. Waganga wa kitabu wa pwani yetu nao huchora majedwali ya aina hiyo kwenye hirizi.

Jibu la 3: Pamoja na hayo, ndugu muulizaji, usidhani kwamba kumwondolea al-Buni kitabu hicho kunakihalalisha. Mwanahistoria Ibn Khaldun, katika kitabu chake Muqaddima alichokiandika mwaka 1377, hakukana kwamba uchawi na talasimu vina athari. Alichosema ni kwamba sheria imeviweka katika fungu moja la haramu, na hoja hiyo haitegemei nani aliandika nini.