Mrejesho: Mchezo uliokuwa ukijikokota kwenye simu

Ndugu zangu, wiki iliyopita niliuliza namna ya kuongeza kasi ya mchezo wa mbio za magari wa PSP (kifaa cha mkononi cha michezo cha Sony) ninaoucheza kwenye simu kupitia PPSSPP, programu inayoiga kifaa hicho, kwa kuwa magari yalikuwa yakijikokota na sauti ikikatikakatika. Nawashukuru kwa majibu yenu, tatizo limekwisha.

Kosa langu lilikuwa kuchanganya mambo mawili. Nilidhani nahitaji kuongeza kasi, kumbe simu ilikuwa imezidiwa na kazi ya kuchora picha. Nilikuwa nimeweka ukubwa wa picha mara nne ya ule wa PSP yenyewe, ambao ni pikseli 480 kwa 272, na niliporudisha kwenye ukubwa huo huo wa PSP, kipimo cha kasi kilichoko pembeni mwa skrini kilipanda kutoka asilimia 60 na kitu hadi 100, kikatulia hapo. Maandishi yamepoteza ung'avu kidogo, lakini gari sasa linakata kona pale pale ninapobonyeza.

Kitufe cha kuharakisha mlichonielekeza nimekiweka pia, ila nakitumia kupita maonyesho marefu ya mwanzo tu, kwa sababu kwenye kona kali kasi hiyo haitawaliki. Kwa yule aliyeuliza kama mbinu hii inafaa kwa michezo ya mtandaoni, haifai: huko seva ndiyo inayotunza muda, na anayechezea kasi kwenye simu yake anaweza kufungiwa akaunti.