Kituo cha hali ya hewa cha kujiundia kinasoma digrii 38 hapa Njombe

kijana_wa_viazi: Wakuu habari za jioni. Nimeunda kituo kidogo shambani kwa mzee, bodi ESP32 (kompyuta ndogo inayosoma sensa) na sensa BME280 ya joto, unyevu na presha ya hewa, vyote nimeviweka kwenye boksi la plastiki la kijivu nikaligongea kwenye bati la banda. Asubuhi inasoma fresh ila ikifika saa saba mchana inaleta digrii 38, jamani Njombe hii ya masweta? Kipima mvua nacho, faneli ya sentimita 16 na chini kibembea chenye sumaku kinachopinduka kila kikijaa maji, kinahesabu karibu mara mbili ya maji ninayoyakuta kwenye kopo. Ukungu unatumalizia viazi kila masika, nataka mzee ajue unyevu wa usiku apulize dawa mapema. Ninunue sensa nyingine?

bibi_solda: Usinunue kitu mdogo wangu. Hiyo inapima joto la boksi na bati, sio la hewa, na bodi yenyewe inachemka hapohapo. Itoe sensa peke yake kwa waya, isimamishe kwenye nguzo mita moja na nusu juu ya majani. Tafuta sahani nyeupe za plastiki kama saba, zitoboe katikati isipokuwa ya juu kabisa, zipange kifudifudi ukiziachanisha na vipande vya peni, sensa ikae humo katikati, ili upepo upite ila jua lisiingie. Yangu ilishuka digrii sita siku ileile!

Mtaa_wa_Pili: Kwenye mvua, swichi ya sumaku ikijifunga inadundadunda kabla haijatulia na bodi inahesabu kila mdundo, iambie kwenye programu ikishapokea mmoja ipuuze mingine kwa milisekunde 150 hivi. Faneli yako ina kama sentimita za mraba 201, kwa hiyo milimita 1 ya mvua ni mililita 20. Chukua bomba la sindano la mililita 20, lijaze maji uyadondoshe polepole sana kwenye faneli, kikipinduka mara 4 basi kila mpinduko ni robo milimita.

kijana_wa_viazi: Asanteni sana, sahani nanunua kesho. Presha je, inasoma hektopaskali 800 wakati mtandaoni wanasema 1013, na unyevu hauji kabisa.

bibi_solda: Presha iko sawa, 1013 ni ya usawa wa bahari na wewe uko karibu mita elfu mbili juu. Unyevu ndo unanitia shaka, soma kwa programu namba ya utambulisho ya chipu, BME ni 0x60, ikileta 0x58 umeuziwa BMP280 na hiyo haipimi unyevu.

kijana_wa_viazi: Imeleta 0x58 😔 narudi dukani asubuhi.