Mdomo wa huyu, koo la yule: nyimbo za filamu za Kihindi ni ulaghai?

Mleta mada: Wakuu, tubishane kistaarabu. Filamu ya kwanza ya India yenye sauti, Alam Ara ya Ardeshir Irani, ilianza kuonyeshwa Bombay tarehe 14 Machi 1931, ikiwa na nyimbo saba. Uliyemwona anaimba ndiye aliyeimba. Studio ilipakana na reli, ikabidi warekodi usiku wa manane treni zikishatulia, wapiga ala wamejibanza kamera isiwaone. Kazi ya jasho, ila ya kweli. Mwaka 1935 studio ya New Theatres ya Calcutta wakaanza kurekodi wimbo kando, mwigizaji akabaki kuchezesha midomo. Tangu hapo sura nzuri inavuna sifa za koo la mwenzake.

Mchangiaji wa kwanza: Mkuu, umeteleza. Ulaghai haukuwa kuazima sauti, ulikuwa kuficha jina. Filamu ya Mahal ilipotoka mwaka 1949, santuri ya "Aayega Aanewala" iliandikwa kwamba mwimbaji ni Kamini. Kamini ni mhusika wa kwenye filamu! Aliyeimba ni Lata Mangeshkar, na wasikilizaji wa redio ndio walioandika barua kuuliza huyu ni nani. Halafu hiyo enzi unayoililia, mtu alipata kazi kwa sababu ana koo, hata kama mbele ya kamera kasimama kama mlingoti.

Mchangiaji wa pili: Si wote. K.L. Saigal katika Devdas ya 1935 aliigiza na kuimba mwenyewe, na ile huzuni huwezi kuigawia watu wawili. Alifariki 1947. Miaka ya hamsini ikawa sauti ya Lata leo kwa mwigizaji Nargis, kesho kwa mwenzake Vyjayanthimala. Sisi wa pwani tuliokariri hizo nyimbo bila kujua neno hata moja, tulikuwa tunampenda nani hasa?

Mleta mada: La jina nakubali. Tuzo za Filmfare, zile za filamu za Kihindi, zilianza 1954 na mwimbaji hakuwa na fungu lake. Lata akagoma kuwaimbia kwenye hafla yao. Fungu likaja 1959, na wa kwanza kulichukua akawa yeye. La sauti sijashawishika.

Mchangiaji wa kwanza: Basi nijibu. Ile Mahal, mwigizaji wake Madhubala angeimba kwa koo lake mwenyewe, ungekata tiketi?

Mleta mada: Ningekata. Labda mara moja tu.