Gumzo la kikundi: Ukoo wa Mikindani, mianzi ya Rehema

Rehema: Asalaam aleykum nyote, shikamooni wakubwa. Nimeletewa mianzi ya mapambo kutoka Dar, miche michache kwenye ndoo. Nataka niipange kando ya ukuta wa jirani, watu wa njiani wasituone tukikaa barazani.
[Picha]

Mama Saidi: Waaleykum salaam. Marahaba mwanangu. Mashallah, imenyooka!

Juma: Dada hiyo ikikua itapendeza sana. Jembe nalileta kesho.

Mjomba Hassani: Juma ngoja kwanza. Rehema, utoe mmoja kwenye ndoo taratibu, upige picha mizizi kwa karibu.

Rehema: Mizizi tena mjomba?

Mjomba Hassani: Ndiyo mama. Kuna mianzi inayokaa pamoja kwenye kichaka chake, inapanuka polepole. Na kuna inayotambaa chini kwa chini. Kwa majani tu huwezi kuijua.

Rehema: [Picha]
Chini kuna kitu kimezunguka ndoo nzima, unene wa kidole. Kina pingili fupifupi, kila fundo limeota vijizizi. Ncha imechongoka na ni ngumu.

Mjomba Hassani: Sasa shika mwanzi wenyewe. Pale tawi linapotokea, pitisha kidole kwenda juu. Kuna mfereji?

Rehema: Upo. Na kila fundo lina matawi mawili, moja nene kuliko mwenzake. Huku chini pingili zimebanana sana.

Mjomba Hassani: Basi ni Phyllostachys, na kwa hizo pingili zilizobanana ni Phyllostachys aurea. Asili yake China. Ni mzuri, sikatai, ila huo ndio unaotambaa. Na mchanga wetu huu unatifuka, hauna cha kuuzuia.

Shangazi Mwanaidi: Rehema mwanangu nisikilize mie. Huku Lindi nyumba ya pili waliupanda mwanzi wa namna hiyo. Sasa unachomoza kwangu kwenye tuta la mchicha, mwingine umetokea ndani ya banda la kuku. Nakata, unarudi. Nimeshakwenda kusema, nimeitikiwa vizuri, hakuna kilichofanyika. Inaniuma kwa sababu tulikuwa tunapelekeana futari.

Mama Saidi: Pole sana wifi 😔

Juma: Si angekata tu pale mpakani yakaisha?

Mjomba Hassani: Kipande kilichobaki upande wake kina chakula chake na macho yake, kinaendelea kuchipua chenyewe. Lazima akichimbue chote. Asipoweza, akate kila chipukizi linapotoka, bila kulipa nafasi ya kutoa majani, mpaka kile cha chini kiishiwe nguvu. Ni kazi ya miaka. Na chipukizi halikupi muda: linatoka ardhini na unene wake wote, wiki chache tu limeshafika urefu wake.

Rehema: Jamani. Kwa hiyo niitupe? Nimeipenda kweli.

Mjomba Hassani: Usitupe. Izungushie kizuizi. Hiyo mizizi inayotambaa nyingi hukaa sentimita 30 za juu, kwa hiyo kizuizi kishuke 60 hadi 75. Kiwe plastiki ngumu. Bati hapana, kwa chumvi ya hapa litaoza, na saruji ikipata ufa mwanzi unapita hapohapo.

Juma: Plastiki nene hivyo tutaipata wapi Mtwara?

Mama Saidi: Lile simtanki lililopasuka nyuma ya stoo linafanya nini?

Mjomba Hassani: Shemeji hapo umesema! Tunakata juu na chini, linabaki duara. Tunalifukia, ukingo uchomoze sentimita 5 juu ya udongo. Usije ukaufunika kwa mchanga au majani, maana mwanzi ukikosa njia chini utapanda na kuruka juu. Kila mvua zikikaribia kwisha, zunguka ukingo mzima, ukiona umevuka, kata.

Shangazi Mwanaidi: Na vile vipande msivitupe kwenye majimaji. Vianikwe juani vikauke kabisa.

Rehema: Sawa shangazi. Ila duara moja halitafunika ukuta wote.

Mjomba Hassani: Sehemu iliyobaki nitakuletea vipande vya ule wa njano wenye mistari ya kijani, Bambusa vulgaris. Huo hautambai na joto la pwani unalipenda. Tutavichomeka mvua zikianza Desemba, vinashika vizuri. Lakini ni mkubwa, unaweza kupita mita 10, kwa hiyo tuuache mbali na ukuta, uwe na nafasi ya kunenepa. Ukiubana utausukuma ukuta.

Shangazi Mwanaidi: Mjulishe jirani kabla hamjachimba. Mie hakuna aliyeniambia kitu.

Rehema: Naenda sasa hivi.

Rehema: Nimerudi. Ameshukuru kuambiwa. Anasema karo lake liko palepale nyuma ya ukuta, na bomba la maji linapita hapo.

Mjomba Hassani: Afadhali umeuliza. Basi duara tulihamishie upande wa mwembe, bado litaziba baraza. Jumamosi asubuhi nakuja na msumeno. Juma lete sururu na chepe, kule chini kuna mawe.

Juma: Sawa mjomba.